Maneno Niliyomwekea Patsey

Mwaka 2014 nilimwekea Lupita Nyong'o mdomoni maneno ambayo hakuyasema, na maneno yale yakasikika kwenye vibanda na sebule za watu nisiowajua mpaka leo. Nilikuwa mtafsiri wa filamu. Aliyekulia Dar es Salaam, Morogoro au Mwanza anaijua kazi hiyo: unachukua mkanda wa Kihindi, wa Kichina au wa Kizungu, unapunguza sauti yake, unaingiza yako juu yake, na unawasemea wote, mwanamume na mwanamke, mtoto na jambazi. Kenya wanawaita madijei, Kampala wanawaita mavijei. Sisi tulijiita watafsiri, na kwa mkanda ule wa Lupita sikustahili kuitwa hivyo.

Siitukani kazi yenyewe. Kuna bibi zetu waliofuata filamu za Kihindi tangu mwanzo hadi mwisho, wakatoa machozi panapostahili machozi, kwa sababu kijana mmoja alikaa na maiki akawaeleza nani kamdhulumu nani. Mtafsiri makini hutazama mkanda wote kwanza, hurudia vipande vigumu, huuliza wanaoijua lugha kumzidi, ndipo hurekodi. Wapo waliofanya hivyo miaka yote na ninawaheshimu. Mimi niliujua utaratibu huo, nikauacha kwa makusudi.

Tarehe 2 Machi 2014 Lupita alipata Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike kwa filamu ya 12 Years a Slave, iliyoongozwa na Mwingereza Steve McQueen. Alikuwa Mkenya wa kwanza kupata Oscar ya uigizaji, na usiku uleule filamu yenyewe ikatangazwa kuwa filamu bora ya mwaka. Habari zilizungumzwa hadi kwenye daladala. Watu ambao hawajawahi kuulizia mkanda wa utumwa wakaanza kuulizia "ule wa yule dada wa Kenya". Mwenye fremu aliyekuwa akininunulia kazi aliutaka kabla ya mwisho wa wiki, nami nikamwambia asiwe na wasiwasi. Hakunilazimisha. Nilikuwa nimezoea mikanda ya mapigano, ambayo unaweza kuisemea huku unaitazama kwa mara ya kwanza, maana mtu akichomoa bastola unasema kachomoa bastola. Nikatazama sehemu ya mwanzo, nikaelewa kwamba Solomon Northup ni mtu huru wa New York aliyetekwa akauzwa utumwani Louisiana, nikaona imetosha. Nikawasha maiki.

Kwenye kibanda umiza, yaani kibanda cha kuonyeshea filamu, kila mkanda una steringi, mhusika mkuu, na steringi ana demu wake. Steringi wangu alikuwa Solomon, anayechezwa na Chiwetel Ejiofor. Patsey, anayechezwa na Lupita, alipotokea shambani, binti mdogo anayechuma pamba kuwapita wanaume wote, nilitangaza pale pale kwamba huyu ndiye demu wa steringi. Filamu haisemi hivyo mahali popote. Patsey ni mtumwa wa Edwin Epps, bwana anayemwingilia kwa nguvu usiku, na mke wa bwana huyo anamwadhibu binti kwa dhambi ya mume wake. Solomon ni mtumwa mwenzake, basi. Ila nilikwisha kutamka, na kila kilichofuata nilikipinda kifuate nilichotamka.

Ikafika sehemu ya pete. Ni usiku, watumwa wamelala. Patsey anamwamsha Solomon, anafungua kiganja, ndani yake kuna pete ya kike aliyoiiba kwa bibi wa nyumba. Anampa. Nilipoiona pete sikusubiri hata asikike sentensi ya kwanza. Kwa ile sauti nyembamba niliyoitumia kwa wanawake wote, nikasema: "Mpenzi, pokea pete hii, nioe, tutoroke wote." Solomon anashtuka, anakataa, na mimi nikamsemea kwamba ana mke nyumbani hawezi kumsaliti. Lilikaa vizuri, kwa sababu mke anaye kweli. Wauzaji walisema nimeutendea haki mkanda. Nilifurahi sana, na furaha ile ndiyo inayoniuma zaidi sasa.

Baadaye nilipita kwenye saluni moja ya Mbagala, Dar es Salaam, kuchukua hela za CD. Mkanda wangu ulikuwa unachezwa kwenye TV iliyotundikwa juu ya kioo, na ulikuwa umevuka kidogo sehemu hiyo. Msusi, mwanamke wa makamo, vidole vyake vikiwa ndani ya nywele za mteja, aliniuliza bila kuacha kusuka.

"Kaka, hebu nisaidie. Yule binti pale usiku na pete, anamtaka yule mwanamume kweli?"

"Ndiyo, dada. Anampenda steringi."

"Mbona macho yake si ya mtu anayetaka mwanamume? Mimi nimemwona kama mtu aliyechoka na dunia."

Nikamjibu kwamba Wazungu ndivyo wanavyoigiza. Akasimamisha mikono, akanitazama kwenye kioo.

"Huyu si Mzungu, kaka. Huyu mwenzetu."

Nilichukua hela nikaondoka. Ningeweza kumwambia sijui. Ningeweza kumwambia nitaangalia tena nimletee jibu. Nilimdanganya mwanamke aliyekuwa ameona kwa macho kile ambacho mimi, mwenye Kiingereza, sikukisikia kwa masikio.

Usiku ule niliuweka mkanda halisi, usio na sauti yangu. Patsey alikuwa anamwomba Solomon amuue. Anamwomba ampeleke ukingoni mwa kinamasi, amshike koo, amzamishe mpaka uhai umtoke, kisha amzike mahali pa peke yake. Pete ni malipo ya kazi hiyo. Anamtuliza kwamba Mungu ni mwenye huruma na humsamehe atendaye la huruma, na kwamba anamwomba kwa sababu yeye mwenyewe hana nguvu ya kulifanya. Hilo ndilo linalomshtua Solomon. Hilo ndilo analolikataa.

Nilirudisha nyuma, nikatazama uso wa Lupita. Hapigi kelele, wala halii kwa namna tuliyoizoea kwenye filamu. Anazungumza kwa upole, karibu kwa matumaini, kama anayehofia kumchosha mtu kwa ombi lake. Mwigizaji mwingine angeweka kilio pale, na mtafsiri mvivu kama mimi angeshtuka mapema. Yeye alimpa Patsey utulivu wa mtu aliyekwisha kufikiria jambo mpaka mwisho, akabakiza tu kumpata wa kulitekeleza. Msusi aliuona utulivu huo kupitia kelele zangu.

Nikaendelea kutazama, na kila sehemu nikakuta uharibifu wangu. Kuna mahali Patsey ameketi shambani peke yake anatengeneza vimwanasesere kwa maganda na mabua ya mahindi. Ni sekunde chache tu, na ndizo zinazokukumbusha umri wake: huyu anayepigiwa mfano wa kuchuma pamba ni mtoto anayetaka mwanasesere. Hapo mimi nilikuwa nahadithia yatakayotokea mbele. Kuna sehemu ya sabuni. Patsey ametoka kwenda shamba la jirani, Epps anamshuku, naye anamwonyesha kipande cha sabuni kilichompeleka huko. Anachuma ratili 500 za pamba kwa siku, kilo zaidi ya 220, na bibi wa nyumba amemnyima sabuni kiasi kwamba harufu ya mwili wake inamtia kichefuchefu mwenyewe. Anamweleza bwana wake hayo waziwazi, kwa hasira ya mtu mwenye haki. Mimi niliifupisha nikasema: "Nilienda kuoga."

Kwa jibu hilo la sabuni anafungwa kwenye nguzo. Epps anamlazimisha Solomon amchape, kisha anauchukua mjeledi mwenyewe. McQueen aliipiga sehemu hiyo kwa kamera isiyokatika, inazunguka kutoka uso hadi uso kwa dakika kadhaa, ili mtazamaji asipate pa kupumzikia. Mimi nilimpa pa kupumzikia. Niliitangaza kama mpira, kiboko kwa kiboko, na vibanda vikashangilia. Nilikuwepo kwenye kimojawapo nikasikia shangwe hiyo, nikidhani ni yangu.

Na Patsey hakubuniwa. Aliishi katika shamba la Epps, Bayou Boeuf, Louisiana, na habari zake zimo katika kitabu alichokichapisha Solomon Northup mwaka 1853, mwaka aliorudi kwao huru. Yeye Patsey hakuacha hata mstari mmoja ulioandikwa kwa mkono wake. Tunachomjua nacho ni ushuhuda wa mwenzake, halafu, miaka 160 baadaye, mwili na sauti ya binti wa Kijaluo aliyepewa kazi hiyo mwaka 2012 alipokuwa anamaliza masomo ya uigizaji Chuo Kikuu cha Yale. Hiyo ndiyo njia nyembamba ambayo Patsey alipita hadi kutufikia Mbagala. Nikasimama katikati yake nikamgeuza mwanamke anayeomba ndoa.

Tangu hapo nimemfuatilia Lupita kwa namna unayomfuatilia mtu uliyemkosea: unataka kumjua vizuri, ujue ulimkosea nani. Nilidhani, kama wengi, kwamba alianguka kutoka mbinguni usiku wa Oscar. Alianza jukwaani Nairobi akiwa na miaka 14, akicheza Juliet na Phoenix Players. Filamu ya The Constant Gardener ilipopigwa Kenya alikuwamo, miongoni mwa wasaidizi nyuma ya kamera. Mwaka 2009 aliigiza katika Shuga, tamthilia ya televisheni ya MTV iliyotengenezwa Nairobi kuwaelimisha vijana kuhusu UKIMWI. Yeye ni Ayira, mwanafunzi wa chuo. Ninayo kumbukumbu ya kuiona tamthilia hiyo ikipita kwenye televisheni na kubadilisha chaneli, kwa sababu haikuwa na mapigano.

Mwaka huohuo alitoa kazi ambayo naiona kuwa ufunguo wa zote, ingawa haonekani akiigiza. Ni filamu ya hali halisi, In My Genes, kuhusu watu wenye ualbino nchini Kenya. Aliiandika, akaiongoza na kuihariri. Sisi Watanzania tunakumbuka miaka ile ilikuwaje, jinsi ndugu zetu wenye ualbino walivyowindwa na kukatwa viungo, na jinsi mazungumzo yote yalivyokuwa juu yao bila wao kupewa nafasi ya kusema. Lupita aliwaketisha mbele ya kamera, akawaacha waseme wenyewe maisha yao. Alikuwa mwanafunzi bado, na alishajua kumwachia mtu neno lake. Mimi nilikuwa na umri wa kutosha kulijua hilo, na maiki mkononi.

Baada ya Oscar alifanya jambo lililonishangaza. Dunia nzima ilikuwa inautaka uso wake, naye akachukua kazi zisizouonyesha. Katika Star Wars: The Force Awakens ya mwaka 2015 ni Maz Kanata, kiumbe kilichochorwa kwa kompyuta kwa kufuata mienendo yake, na mwenyewe alieleza kwamba baada ya Patsey alitaka kazi ambayo mwili wake si hoja. Katika The Jungle Book ya 2016 ni sauti ya mbwa mwitu Raksha, mama mlezi. Mwaka 2024 alikuwa sauti ya roboti Roz katika The Wild Robot, na unamsikia roboti akijifunza huruma kwa jinsi sauti inavyolegea taratibu kadiri hadithi inavyosogea. Katika kazi kama hizo mtafsiri akifuta sauti, amemfuta mwigizaji wote.

Nakia wa Black Panther mnamjua, sina la kuongeza, ila msikilizeni pale Busan anapozungumza Kikorea na mama wa sokoni. Queen of Katwe ya Mira Nair, ya mwaka 2016, ingepaswa kuonwa kila mtaa wa Afrika Mashariki. Hapo ni Nakku Harriet, mama mjane wa Katwe, Kampala, ambaye binti yake Phiona Mutesi anageuka bingwa wa sataranji. Kuna sehemu anauza nguo ya thamani ili binti apate mafuta ya taa ya kusomea usiku. Harriet anabishana bei, anakaza uso, hataki muuzaji aone kinachomtoka. Mama zetu wanaijua sura hiyo. Nimewahi kuitazama na mama yangu mzazi, hajui Kiingereza, nami nikanyamaza kabisa sehemu hiyo, na hakuniuliza chochote.

Halafu ikaja Us ya Jordan Peele, mwaka 2019, na hapo ndipo kosa langu nililielewa mpaka kwenye mzizi. Lupita anacheza wawili: Adelaide, mama wa familia, na Red, pacha wake wa kutisha anayeibuka kutoka chini ya ardhi. Red anazungumza kwa sauti iliyokwaruzika, pumzi inaingia pale ambapo yetu inatoka, kila neno linavutwa kama kutoka kooni mwa mtu aliyenyongwa. Ukifika mwisho unagundua kwamba ndivyo ilivyokuwa: alikabwa koo utotoni, akaachwa chini, na mahali pake pakachukuliwa. Siri yote ya filamu imo ndani ya ile sauti tangu anapofungua kinywa. Nimeikuta sokoni nakala iliyotafsiriwa. Jamaa amemsemea Red kwa sauti ileile aliyomsemea Adelaide, na ya mume, na ya watoto. Simlaumu kwa jina. Ningekuwa bado kazini ningefanya vilevile.

Filamu hiyo ina jambo jingine linalonihusu. Lupita alieleza kwamba sauti ya Red aliijenga kwa kuchunguza maradhi ya koo yanayokaza nyuzi za sauti. Watu wenye maradhi hayo wakaumia kuona hali yao imepewa kiumbe cha kutisha. Aliwaomba radhi hadharani, filamu ingali kwenye majumba ya sinema. Mimi nimechukua miaka zaidi ya kumi kuandika ukurasa huu.

Ya mwisho nitakayoitaja ni A Quiet Place: Day One, ya mwaka 2024. Ni Samira, mshairi anayekufa kwa saratani, yuko New York na paka wake siku viumbe vinavyowinda kwa kusikia vinaposhuka. Anayetoa sauti anauawa. Lupita anaibeba filamu karibu yote kwa macho, mabega na mwendo wa mtu mwenye maumivu. Kuna usiku mmoja yeye na kijana aliyekutana naye njiani wanasubiri radi ipige, na ikipiga ndipo wanapiga mayowe, maana ndiyo nafasi yao pekee. Baada ya kuiona nilikaa nikafikiria mtafsiri atasema nini kwenye filamu hiyo. Kama ana heshima, atasema kidogo sana, na kwenye radi atazima maiki.

Rafiki mmoja alinishauri nirekodi upya 12 Years a Slave, safari hii kwa uangalifu. Nimekataa. Sikuwa na ruhusa ya wenye filamu mara ya kwanza na sina leo, na kosa moja halisafishwi kwa kurudia jingine. Zile CD zimekwisha madukani, lakini nakala zimehamia kwenye flashi na simu, na siwezi kuzirudisha. Saluni ya Mbagala nilikwenda kuitafuta. Fremu ile sasa inauza vifaa vya simu na majirani hawajui yule mama alihamia wapi. Nilitaka kumwambia kwamba aliona sawasawa, na kwamba nilijua hivyo usiku uleule.

Kwa hiyo namwambia aliye na nakala. Utanitambua kwa "demu wa steringi". Kila ninapomsemea Patsey, usiniamini. Na kuna mahali pamoja ambapo sikumsemea kabisa, pabaya kuliko pote. Ni pale Solomon anapopata uhuru. Patsey anamkimbilia, wanakumbatiana, kisha gari la farasi linaondoka naye. Kamera inabaki kwenye uso wa Solomon, na nyuma yake, kwa ukungu, Patsey anaonekana amesimama, halafu anaanguka chini. Ndiyo mara ya mwisho tunamwona. Mimi hapo nilikuwa nataja namba za simu za kuagizia CD na kuwasalimia vijana wa Rangi Tatu, Mbagala. Niliendelea kuwataja hadi gari lilipotoka shambani, na waliosikiliza mkanda wangu hawakujua kwamba kuna mtu ameanguka.